Jina Kubwa Bariadi, Mfukoni Hakuna Kitu

Wenye redio za mikoani wana wimbo wao mmoja: mtangazaji wa asubuhi analipwa kwa jina. Eti redio inampa umaarufu, mengine ajitafutie. Kijana anaitikia, anashukuru, na huo ndio unakuwa mkataba wake. Hakuna karatasi, hakuna saini.

Saa kumi na moja alfajiri yuko barabarani wakati Bariadi bado imelala. Saa kumi na mbili kamili anafungua maiki: mwangaluka! Baada ya hapo ni Kiswahili tu, maana leseni za utangazaji hapa nchini zinataka Kiswahili au Kiingereza, hata kama bibi wa Itilima aliyewasha redio jikoni angefaidi zaidi Kisukuma. Anasoma magazeti kwenye simu yake, kwa bando lake. Anatangaza misiba, ng'ombe waliopotea, tembo walioingia mashambani kule Meatu. Anasoma salamu za watu mpaka koo linakauka. Saa nne akitoka studio kazi haijaisha, ndiyo kwanza anaanza kuzunguka madukani kutafuta matangazo ya biashara ili apate kamisheni. Jumamosi ni MC wa harusi, na hapo ndipo hela ya kodi ya chumba inapotoka.

Mtaani sasa! Akitembea kwa miguu anaambiwa anajishusha ili aonekane mtu wa watu. Akikopa unga dukani, muuza duka anacheka, anadhani staa anatania. Watu wanajua sauti yake kuliko ya diwani wao, kwa hiyo hawaamini kwamba mwenye sauti ile anaweza kulala njaa. Na yeye naye, kwa aibu, anaendelea kupiga picha na magari ya watu.

Akiuliza mshiko anapigiwa hadithi ya Dar. Mwaka 2016 Gerald Hando na Paul James walipoiacha Power Breakfast ya Clouds FM na kuhamia EFM, habari ilizungumzwa kama usajili wa Simba na Yanga. Sauti ya asubuhi ina bei, na Dar wanaijua. Lakini bosi wa mkoani amechukua hadithi hiyo akaifanya chambo: vumilia dogo, ipo siku watakuona. Sasa kwa nini Simiyu iwe uwanja wa mazoezi? Huu ni mkoa tangu 2012, na Nyakabindi pamebeba Nane Nane ya kitaifa zaidi ya mara moja. Hakuna anayemwambia daktari wa hospitali ya mkoa atibu bure mpaka Muhimbili wamwone.

Sheria zipo, tena si za jana. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi maelezo ya ajira yake kwa maandishi. Amri ya mishahara ya 2013 iliweka kima cha chini cha utangazaji shilingi 150,000 kwa mwezi, na amri ya 2022 ikakipandisha. Kuna vijana hata hiyo laki na nusu ya zamani hawajawahi kuishika kwa mkupuo. Halafu ikaja Sheria ya Huduma za Habari ya 2016, na kanuni zake zikataka mwandishi awe na stashahada. Basi kijana anaulizwa cheti mlangoni, na akishaingia ndani anaambiwa anajitolea.

Wenye redio wana utetezi wao, na una ukweli kidogo. Soko la matangazo Simiyu ni dogo, umeme ghali, mtambo ukiungua fundi anatoka mbali. Sawa. Lakini TANESCO hawalipwi kwa jina. Leseni hailipwi kwa jina. Mafuta ya jenereta hayanunuliwi kwa jina. Katika orodha nzima ya gharama, ni mtu mmoja tu anayeombwa aelewe hali, na ndiye huyo redio isingesikika asubuhi bila yeye.

Na hasara hii haibaki kwake. Simiyu ndiyo inaongoza nchini kwa pamba. Msimu ukifunguliwa, kwa kawaida Mei, mkulima anataka kujua bei, anataka kujua AMCOS italipa lini, anataka mtu aulize kuhusu mizani. Mtu wa kuuliza ni huyu wa asubuhi. Ila kipindi chake kinadhaminiwa na mnunuzi, na kamisheni ya tangazo hilo ndiyo chakula chake cha mwezi. Atauliza mizani? Atacheza muziki. Mkulima wa Maswa akikaa tangu alfajiri kusubiri habari ya pamba anapata kwaito na salamu za shemeji, kisha anasema watangazaji wa siku hizi hawana akili.

Wapo wachache wanaothubutu kudai. Anayeachishwa ana siku 30 tu za kupeleka mgogoro wake CMA, na wengi wanazimaliza wakipigiwa simu kwamba bosi yuko safari, asubiri arudi. Siku hizo zikiisha, studio ina kijana mwingine wa kujitolea. Saa kumi na mbili kamili anafungua maiki, mwangaluka, na hakuna anayewaambia wasikilizaji yule wa jana kaenda wapi.