Tulicheka na Bonoko, Marehemu Tukamsahau

Zamani mtu akifika kwenye maikrofoni ya redio kwa sauti na kwa lugha. Wazee wetu wa Pwani wanamkumbuka marehemu Leonard Mambo Mbotela, mtoto wa Freretown, ambaye kipindi chake cha Je, Huu ni Ungwana? kilianza 1966 na kikawaonya Wakenya tabia zao kwa Kiswahili kilichonyooka. Kisha yakaja mashindano ya televisheni. Patricia Kihoro aliimba Tusker Project Fame mwaka 2009, hakushinda, lakini sura ilishajulikana na redio za Nairobi zikampokea. Idris Sultan wa Tanzania alishinda Big Brother Africa 2014, akatoka na dola 300,000, na jina lile likampeleka kwenye uchekeshaji, filamu na utangazaji wa redio.

Eastlands ina njia yake ya tatu, na hiyo ndiyo inayonishughulisha leo.

Bonoko hakujaza fomu ya shindano lolote. Alikuwa kijana wa mitaani, mtu wa kulala nje, pande za Ngara, pale Nairobi inapoanza kuteremkia Pangani, Mathare na Eastleigh. Polisi walimpiga mtu risasi, kamera ya habari ikafika, na yeye akawa miongoni mwa walioulizwa wameona nini. Akasema alichokiona: aliyeuawa hakuwa jambazi, na bunduki iliyokuwa naye alikuwa amewekewa baada ya kufa. Bunduki hiyo bandia ndiyo aliyoiita bonoko. Alilisema neno lile kwa kasi, kwa uchungu, na kwa Sheng ambayo hata wenyeji wa Nairobi iliwabidi waisikilize mara mbili.

Tuliosikia tukacheka. Mtu akaichukua sauti ile, akaitia ngoma, ikawa wimbo wa disko na matatu. Mlio wa simu pia. Neno bonoko likasambaa Kenya nzima hadi huku kwetu, vijana wa Kisauni na Likoni wakilitamka bila kujua limetoka kwenye kinywa cha mtu aliyekuwa akisimulia kifo. Ghetto Radio, kituo cha 89.5 FM kinachotangaza kwa Sheng, kikamtafuta mwenye sauti, kikampa kazi ya utangazaji. Jina la kumbeza likawa jina lake la kazini.

Sina neno na yeye. Rizki ya mtu hainiumi, na kijana aliyekuwa akilala kwenye baridi ya Nairobi akipata mshahara na kiti cha studio, alhamdulillahi. Wala sina neno na Sheng, ingawa najua baadhi ya wasomaji wangu wataguna. Sisi Wapwani tuna kiburi cha lugha, na tukisikia maneno ya Kayole na Dandora tunajifanya tumeumwa na meno. Lakini tuwe wakweli. Shahidi yule angeambiwa aseme kwa Kiswahili cha kitabuni, ushahidi wake ungekufa palepale. Sheng ndiyo iliyompa ulimi wa kueleza kitu ambacho taarifa rasmi za polisi hazina neno lake.

Ninachouliza ni hiki: ule ushahidi ulikwenda wapi? Kijana alisimama mbele ya kamera, uso wazi, akatoa tuhuma ya mauaji na ya kughushi ushahidi. Katika nchi iliyo macho, hapo ndipo kazi huanza. Mpelelezi huja, shahidi hulindwa, bunduki hupimwa. Huku kwetu aliyekuja ni fundi wa muziki. Walioucheza wimbo ule wanalijua jina la msimulizi, ila jina la aliyezikwa sijawahi kumsikia mtu akilitaja.

Msidhani kusema vile ni jambo dogo. Josephat Mwenda, mwendesha bodaboda, alimshtaki askari aliyempiga risasi. Juni 2016 aliuawa pamoja na wakili wake Willie Kimani na dereva wao wa teksi Joseph Muiruri, na ilichukua hadi 2022 kwa mahakama kuwatia hatiani waliohusika, askari wakiwemo. Hao walikuwa na wakili na shirika nyuma yao. Kijana wa Ngara alikuwa na mdomo wake tu.

Na Eastlands haikuwa inasimulia kisa kimoja. Kituo cha haki cha Mathare kilitoa ripoti 2017 kikihesabu visa 803 vya watu kuuawa na polisi nchini kati ya 2013 na 2016. Mwaka huohuo wa ripoti, Machi, video ilizunguka ikimwonyesha mtu mwenye silaha aliyedaiwa kuwa askari akiwamaliza vijana wawili barabarani Eastleigh, mchana kweupe, umati ukitazama. Wako waliomshangilia. Sisi wa Mombasa hatuna haja ya kufundishwa habari hizi. Tuna majina yetu ya vijana waliochukuliwa na hawakurudi, na tunajua inavyokuwa mtu akiitwa gaidi akiwa maiti, hawezi tena kujibu.

Tazama tofauti ya kicheko. Mei 2020 Idris Sultan alikamatwa Dar es Salaam baada ya kujirekodi akiicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli, kisha akashtakiwa kwa mambo ya laini ya simu isiyo na usajili wa jina lake. Serikali ile iliogopa kicheko. Ya kwetu haikuwa na sababu ya kuogopa, maana kicheko chetu kiliifanyia kazi. Tulipomaliza kucheza hapakuwa na aliyekumbuka kwamba kuna askari aliyetajwa.

Redio ya Eastlands inasikilizwa kwenye matatu za Umoja, kwenye gereji za Kariobangi, kwenye vibanda vya Gikomba. Ina watangazaji waliotoka mitaa hiyo na wanaojua nani amezikwa wiki hii. Kituo kikishaajiri mtu kwa sababu ya alichokishuhudia, basi kimpe saa moja ya kushuhudia. Aite familia, aite wakili, ampigie msemaji wa polisi hewani amuulize kuhusu bunduki fulani, ya mtu fulani, tarehe fulani. Mamlaka ya IPOA ipo kisheria tangu 2011 kwa kazi ya kuwachunguza polisi, na namba zake za simu zingesomwa hewani kila asubuhi kama zinavyosomwa namba za michezo ya kubahatisha. Redio zetu za Mombasa nazo zinaweza kuanza hata kesho, majina wanayo.