Kijia chako kimo kwenye ramani?

Ukiiacha barabara kuu ya Thika pale Juja na kuingia ndani, hutakwenda mbali kabla ya kukuta seng'enge mahali palipokuwa na kijia. Mama mwenye mtungi wa maji anazunguka robo maili. Watoto wa shule wanainama wapite chini ya waya. Ukiuliza, mwenye waya anajibu: "Hapa ni kwangu, hatimiliki ninayo."

Zamani hapa palikuwa na mashamba makubwa ya walowezi. Juja Farm ya McMillan ndiko alikokaribishwa Theodore Roosevelt wa Marekani mwaka wa 1909. Baada ya Uhuru, mengi ya mashamba ya eneo hili yalinunuliwa na makampuni na vyama vya wananchi, yakakatwa vipande, kila mwanachama akaonyeshwa chake na bikoni zikapandwa. Nyingine zilizikwa na trekta, nyingine ziling'olewa usiku. Hakuna aliyejali sana. Lakini barabara ilipopanuliwa kati ya 2009 na 2012, hata futi moja ikawa na bei.

Sasa wewe umekasirika na unakimbilia kwa wakili ili jaji aseme mpaka uko wapi. Pole pole. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 18, inaikataza mahakama kusikiza ugomvi wa mpaka kabla Msajili wa Ardhi hajauamua. Wako waliolipa wakili, wakahudhuria kesi mwezi baada ya mwezi, kisha ikatupwa nje kwa sababu hiyo tu. Anza kwa msajili. Na ikiwa tayari mko katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi kule Thika kwa jambo jingine, mathalan jirani kujenga kwako, aghalabu jaji huamuru msajili na mpimaji wa serikali wafike shambani na kuleta ripoti.

Siku hiyo usikose, hata kama una arusi. Beba hatimiliki, nakala ya ramani na ile fomu ya mutesheni inayoonyesha shamba lilivyokatwa. Unaweza kuja na mpimaji wako mwenye leseni. Usishangae wapimaji wakianzia kwa jirani wa tatu au wa nne: hawaanzi kwenye ua wako wa kayaba, huanzia bikoni ambazo hazijasogezwa, ndipo wapime kuja kwako. Na kung'oa bikoni ni kosa la jinai, hata kama unaamini imepandwa vibaya.

Jitayarishe pia kwa hesabu. Ploti ya futi 50 kwa 100 ni futi za mraba 5,000. Thumuni ya ekari ni futi 5,445. Watu huuziwa ya kwanza wakiambiwa ni ya pili, halafu humshtaki jirani kwa futi ambazo hawakununua kamwe.

Tukirudi kwenye kijia, hapa ndipo wengi hulia. Kikiwa kwenye ramani kama njia ya umma, mambo ni rahisi: waya utaondolewa. Kisipokuwemo, mpimaji ataandika kwamba hakukiona kwenye ramani, na jirani atarudi nyumbani akipiga mluzi. Wewe uliyeomba ardhi ipimwe utakuwa umejifungia mlango mwenyewe, kwa sababu haki ya kupita si suala la mpaka.

Lakini usikate tamaa. Sheria inatambua njia iliyotumiwa miaka 20 waziwazi, bila kukatizwa na bila kuomba ruhusa. Tena Sheria ya Ardhi ya 2012, kifungu cha 140, inamruhusu mtu ambaye shamba lake limezingirwa pande zote kuiomba mahakama impe pa kupitia. Mwambie wakili wako ayaandike hayo tangu mwanzo, wala asitegemee ripoti ya mpimaji peke yake. Nao wazee wanaokumbuka kijia kilianza lini, waandikishe ushahidi wao wakiwa hai na wenye kumbukumbu.

Kama hujanunua bado, tembea na ramani mkononi kutoka barabarani hadi kwenye ploti. Miaka kadhaa iliyopita nilimsindikiza jamaa yangu kununua huko huko Juja. Tulipita njia nzuri, pana, yenye kivuli. Bikoni nne tulizihesabu vizuri sana. Njia hatukuiuliza. Ilikuwa ya jirani. Mpaka leo jamaa yangu hupitia hapo kwa hisani tu, na kila Krismasi humpelekea mwenye njia kilo tatu za nyama.