ANGA LETU SI NJIA YA VINU VYA NYUKLIA

Ipo kasumba moja ambayo haijatutoka: kuamini kwamba kila wanalobuni wakubwa wa dunia ni maendeleo ya binadamu wote. Ndege ya kuendeshwa kwa nguvu za nyuklia husifiwa hivyo. Twaambiwa ingeruka siku nyingi bila kutua kutafuta mafuta. Hatuambiwi ingeruka juu ya vichwa vya nani.

Marekani ilianza kuitafuta ndege hiyo mwaka 1946, shabaha yake ikiwa kupata ndege ya mabomu itakayozunguka angani muda mrefu ikimvizia adui. Kati ya mwaka 1955 na 1957 ndege ya NB-36H iliruka mara 47 ikiwa na kinu cha nyuklia tumboni. Kinu hicho hakikuiendesha. Kilibebwa ili mionzi yake ipimwe. Rais Kennedy alipoufuta mpango huo mwaka 1961, kiasi cha dola bilioni 1 zilikuwa zimekwisha teketea, na hapakuwa na ndege hata moja iliyoruka kwa nguvu hizo. Urusi ya Kisovieti nayo ilirusha Tu-95 iliyobeba kinu, ikaishia katika majaribio.

Kikwazo kilikuwa uzito. Kinu hakina budi kuzungushiwa ngao nzito ya kuzuia mionzi. Nyambizi huimudu ngao hiyo kwa kuwa maji huibeba. Treni ya mizigo hupita Malampaka na shehena yake kwa kuwa reli imelala juu ya ardhi. Ndege haina wa kuibebea mzigo. Kwa hiyo wahandisi waliwakinga zaidi wanahewa, wakawaweka katika chumba cha risasi na mpira chenye uzito wa tani kadhaa. Je, mkulima wa pamba wa Malampaka, chombo cha namna hiyo kikipita juu ya shamba lake, atakingwa na ngao gani? Jembe lake?

Wapo watakaosema kwamba Malampaka iko mbali na ugomvi wa wakubwa. Kanada nayo haikuwa vitani tarehe 24 Januari 1978, setilaiti ya Kisovieti, Kosmos 954, ilipoanguka na kinu chake na kutawanya vipande vyenye mionzi katika eneo la mamia ya kilomita. Mwaka 1981 ililipwa dola milioni 3 za Kanada, karibu nusu ya ilizodai. Ikiwa Kanada ililipwa nusu, sisi tungelipwa nini?

Wala hili si jambo la kale. Mwezi Oktoba 2025 Urusi ilitangaza kwamba kombora lake la Burevestnik, lenye injini ya nyuklia, liliruka kilomita 14,000. Ndoto iliyozikwa mwaka 1961 imefufuliwa, safari hii bila rubani, yaani bila hata yule mmoja aliyestahili kukingwa.

Afrika ina Mkataba wa Pelindaba, uliotiwa saini mwaka 1996 na kuanza kutumika mwaka 2009. Tanzania imeuridhia. Mkataba huo unapiga marufuku silaha za nyuklia barani. Lakini kinu kinachoruka si bomu, na suala la ndege za kigeni kupita angani mkataba unamwachia kila mwanachama aamue peke yake. Huo ni mlango ulio wazi. Mnyonge akiachwa aamue peke yake mbele ya mwenye nguvu, uamuzi huwa wa mwenye nguvu.

Urani ya Shinkolobwe, Kongo, ilitumika katika mabomu ya atomiki ya kwanza, na Wakongo hawakuulizwa. Inatosha kutoulizwa mara moja. Nchi za Afrika hazina budi kutamka kwa sauti moja kwamba hakuna chombo chenye kinu cha nyuklia kitakachopita katika anga lao, kiwe na bomu au kisiwe nalo. Tanzania iwe ya kwanza kulidai. Anayetaka kujaribu chombo hicho, akijaribu juu ya paa la nyumba yake.