Msiyahukumu Majina Msiyoyajua Maana

Imeingia desturi katika vijiji vyetu vya Mtwara, tangu Mikindani hata Msimbati na kingo za Ruvuma, nasi hatuwezi kuinyamazia. Mtoto azaliwa, bibi yake ataka aitwe Tabu au Shida, kijana wa nyumbani hufungua orodha ya majina katika simu, akasema, "Jina hili ni baya, lina laana." Basi jina la bibi hutupwa, na mtoto hupewa jina la kigeni ambalo orodha yasema maana yake ni nuru au malkia, wala hapana aliyeuliza ni la lugha gani.

Twasema hukumu hiyo ni ya haraka. Maana ya jina ina pande mbili: maana ya neno katika lugha yake, na sababu ya yule aliyelitoa. Orodha hizo mara nyingi hukosea upande wa kwanza, na upande wa pili hazina njia ya kuujua.

Tutazame jina la Hamisi. Asili yake ni Kiarabu, nalo latokana na hesabu ya tano, maana Waarabu huanza kuhesabu siku kwa Jumapili. Waswahili huanza kwa Jumamosi, hata tano yao ikawa Jumatano. Ajuaye "tano" tu atasema Hamisi ni mtoto wa Jumatano, kumbe ni wa Alhamisi. Tena huenda Hamisi huyu hakuzaliwa Alhamisi kabisa, bali ni somo wa babu yake. Na kwa Wamakonde, Wayao na Wamakua, kijana atokaye jandoni hupewa jina jipya. Basi ukitaka maana ya jina la mzee, uliza kwanza ni lipi, la utoto au la jando.

Hata majina ya ubatizo ni vivyo hivyo. Tomaso maana yake ni pacha, lakini si kila Tomaso wa Masasi alizaliwa na mwenzake. Wazazi walimkumbuka mtume.

Wako wasemao kwamba jina la huzuni humfuata mtoto. Na wafungue Mambo ya Nyakati, kitabu cha kwanza, mlango wa 4. Yabesi aliitwa hivyo na mama yake kwa kuwa alimzaa kwa huzuni, naye akapata heshima kuliko ndugu zake. Tabu naye hali kadhalika: jina lake lasimulia shida ya mama siku ile, si tabia ya mtoto. Watajibu kwamba Yakobo alilikataa jina la Benoni, akamwita mwanawe Benyamini. Ni kweli, lakini Yakobo alikuwa baba, tena aliijua lugha, na uchungu wa Raheli aliujua. Hakulihukumu jina kwa kuambiwa na mgeni.

Kwa hiyo twawasihi wazazi na walimu: kabla jina halijaandikwa katika cheti cha kuzaliwa, maana kulibadili baadaye si kazi ndogo, ulizeni mambo matatu. Ni la lugha gani? Wenye lugha hiyo hulitumia kwa maana hiyo? Aliyelitoa alikuwa na sababu gani? Swali la tatu halijibiwi na kitabu wala simu. Walijibu ni wazee wakaao barazani, nao hawatakaa siku zote. Mzee akiondoka bila kuulizwa, jina hubaki, lakini habari yake huzikwa pamoja naye.