Hezi 528 na Presha ya Shangazi

"Kila kitu ni mtetemo." Sentensi hii imezoeleka kwenye semina za mafanikio na klipu za dakika moja. Husemwa kwa sauti ya chini, ikafuatiwa na neno "kwantamu", kisha na namba ya kulipia. Mimi hufundisha fizikia sekondari, na nina ugomvi nayo. Ingekuwa uongo mtupu nisingejisumbua, maana uongo mtupu hauna wateja. Hii imeibwa kutoka kwenye ukweli.

Ukweli wenyewe ni huu. Mwaka 1924, Mfaransa Louis de Broglie aliandika katika tasnifu yake kwamba chembe kama elektroni ina wimbi lake. Lilikuwa wazo la ajabu, lakini lilikuja na hesabu inayopimika. Mwaka 1927, Davisson na Germer wa Marekani walirusha elektroni kwenye fuwele ya nikeli, zikatawanyika kama mawimbi, kwa vipimo vilivyoafikiana na hesabu ile. G. P. Thomson naye akapata jibu hilohilo kwa njia nyingine. Baba yake, J. J. Thomson, ndiye aliyeonesha mwaka 1897 kwamba elektroni ni chembe. Baba alionesha chembe, mwana akaonesha wimbi, na wote wawili walikuwa sahihi.

Sasa mpime binadamu kwa kanuni hiyohiyo. Mtu wa kilo 60 anayetembea mita moja kwa sekunde ana wimbi lenye urefu wa sehemu ya mita ambayo, ukiiandika kwa desimali, utaweka sifuri 34 baada ya nukta ndipo uifikie tarakimu ya kwanza. Kiini cha atomu ni kikubwa kuliko wimbi hilo zaidi ya mara bilioni bilioni. Ndiyo maana hujawahi kumwona mtu akipita mlangoni akatawanyika. Anayekuambia atalipandisha wimbi lako hadi liite fedha anazungumzia kitu ambacho hakuna chombo duniani kinachoweza kukiona.

Halafu kuna 528. Tunaambiwa sauti ya hezi 528 hutengeneza vinasaba na kuponya moyo. Hezi moja ni mtetemo mmoja kwa sekunde. Na sekunde ni nini? Ni mgawo wa siku waliojipangia wanadamu: saa 24, dakika 60, sekunde 60, jumla 86,400. Kama wangeigawa siku mafungu 100,000, sauti ileile ingeitwa 456. Je, vinasaba vyako vingejua kwamba tumebadilisha saa?

Ningecheka, kama si shangazi yangu. Aliacha vidonge vya presha majuma matatu baada ya semina ya "kupandisha mtetemo". Tulipomfikisha zahanati, kipimo kilisoma 190 kwa 112. Nilipomuuliza kwa nini, alinitazama moja kwa moja.

"Mwanangu, si ninyi wenyewe mnaofundisha kwamba kila kitu ni mawimbi? Yule kijana alinieleza nikaelewa. Wewe madaftari yako yote ni ya Kiingereza."

Msinielewe vibaya: mwenye kosa ni yule aliyepokea hela. Lakini shangazi aligusa penyewe. Tanzania tunafundisha fizikia ya sekondari kwa Kiingereza, mwanafunzi anakariri fasili, anafaulu, anasahau. Tapeli anakuja na Kiswahili kitamu na mifano ya redio na jikoni. Penye miti hapana wajenzi. Mvuvi ana neno mawimbi, mtangazaji ana masafa, mpiga udi anajua bila cheti chochote kwamba ukibana uzi katikati unatoa sauti ileile, juu zaidi. Maneno tunayo. Tumeyaacha sokoni bila mwenyewe.

Wapo watakaosema niwaachie watu faraja yao. Faraja ya kweli haina kiingilio, wala haimwambii mgonjwa aweke vidonge kando. Wengine watasema sayansi nayo haijui kila kitu. Ni kweli, na ndiyo heshima yake. De Broglie aliweka hesabu yake mezani ikiwa tayari kushindwa: kama elektroni zingetawanyika ovyo kama mchanga, wazo lake lingekufa siku ileile. Muuza mtetemo hana siku ya namna hiyo. Ukipona, ni mtetemo. Usipopona, imani yako ilikuwa ndogo.

Kwa hiyo wewe uliyesoma, usiishie kumcheka shangazi wa mtu. Mweleze wimbi kwa Kiswahili, kwa udi na kwa redio, kabla hajaelezwa na mwenye namba ya kulipia. Na huyo akifika, muulize mbele ya watu: ni matokeo gani yatakayokufanya ukiri umekosea, uturudishie hela yetu?