Mnangoja nini?

Ndugu mwandishi, umenena kwamba video haihitaji studio wala nyumba ya kifahari, ila Elsa Majimbo hujamtaja. Mwaka 2020, watu wamejifungia kwa ajili ya korona, yule binti wa Nairobi alijirekodi kwa simu nyumbani, miwani myeusi usoni, anatafuna krispi na kucheka kicheko chake kile. Taa za studio hakuna, mpambaji hakuna. Mwaka huohuo akanyakua tuzo ya People's Choice ya nyota wa mitandao Afrika. Kili Paul na dada yake Neema nao waliigiza kuimba nyimbo za Kihindi kijijini kwao mkoani Pwani, na 2022 ubalozi wa India nchini Tanzania ukampongeza Kili.

Binafsi nampenda zaidi mama mmoja anayerekodi akipika chapati, mtoto kamng'ang'ania khanga, jirani anapiga hodi kuomba chumvi. Hakati kipande hicho! Chapati yenyewe ina pembe kama ramani, na tunaangalia hadi mwisho. Wale wa mito ya sofa iliyopangwa kwa rula wananichosha, mnisamehe.

Wewe unayesubiri kupaka ukuta rangi kwanza, washa simu urekodi leo.