MASHAURI YA NYUMBANI: Mbwa Atazamaye Mkono



Shambani kwangu, mpakani mwa Kisarawe na Kibaha, nalimfundisha mbwa kuja aitwapo kwa kumpa dagaa kila mara. Alijifunza upesi, nami nikajisifu. Hata usiku mmoja nguruwe mwitu wakaingia katika muhogo. Nalimwita, akautazama mkono wangu, akaona ni mtupu, akarudi kulala. Asubuhi matuta manne yalikuwa yamefukuliwa.

Kosa lilikuwa langu: alikuwa akitii dagaa, wala si sauti yangu. Basi nalianza tena. Kwanza, dagaa naliwaficha mfukoni. Pili, nalisema "Vema!" na kumpapasa kichwa kabla ya kumpa, ili sifa itangulie chakula. Huko Morogoro, wafundishao panya buku kunusa mabomu yaliyozikwa hufanya vivyo hivyo: mlio mdogo hutangulia, ndipo ndizi. Tatu, nalimpa mara moja kati ya mbili, kisha moja kati ya tano, wala hakujua ni ipi. Msimkatie ghafula, maana ataacha kuja. Wala msimnyime chakula chake cha jioni, kwani hicho si ujira.

Sasa huja nikiwa mikono mitupu.

Mzazi ampaye mtoto peremende kila amtumapo kisimani na ajiulize: zikiisha, nani atachota maji? Nasi tukumbuke makutano waliomtafuta Bwana ng'ambo ya bahari kwa ajili ya mikate. Je, sisi twaifuata sauti, au twatazama mkono?